Tom na Jerry, Road Runner, Pink Panther au Felix: uweke ipi, na kwa watazamaji gani

Watu huziita katuni za kimya, na jina hilo limewapotosha wengi wakati wa kuchagua. Kilichonyamaza ni kinywa tu. Kazi ya kusema imepewa kitu kingine, na kila studio ilikipa kwa namna yake. Kwa Tom na Jerry anayesema ni muziki. Kwa Road Runner ni zile sekunde za kungoja. Kwa Pink Panther, chui wa rangi ya waridi, ni rangi na mwendo wa maringo. Kwa paka Felix, aliyezaliwa kabla sinema haijapata sauti, ni mchoro peke yake. Ukishajua anayesema ni nani, umejua pia ipi itakufa kwenye simu iliyozimwa sauti, ipi itamwacha nje mtoto asiyejua kusoma, na ipi itauchekesha ukumbi mzima kuanzia bibi hadi mjukuu.

Ukanda wetu umezoea filamu za kigeni kuja na mtu wa kuzieleza: Lufufu kwa Tanzania, DJ Afro kwa Kenya, ma-VJ kwa Uganda. Katuni hizi hazina kazi ya kumpa mtu huyo. Mtoto wa Kigoma na mtoto wa Lamu hucheka palepale, kwa kipigo kilekile, na ndiyo maana filamu iliyochorwa California mwaka 1944 bado inawekwa sebuleni leo bila mtu kuuliza ni ya lini.

Kwa mwenye haraka: watoto wa miaka 3 na 4, weka Pink Panther. Watoto wa shule ya msingi na familia nzima pamoja, Tom na Jerry za 1943 hadi 1953. Watu wazima na vijana wanaopenda kicheko cha akili, Road Runner zilizoongozwa na Chuck Jones. Anayetaka kujua mambo haya yalianzia wapi, Felix. Sababu zinafuata, pamoja na makosa yanayoharibu hata katuni nzuri.

Tom na Jerry

Anayesema "nitaweka Tom na Jerry" bado hajachagua. Filamu fupi zilizotengenezwa kwa ajili ya majumba ya sinema ni 161, na zimetoka kwenye mikono mitatu isiyofanana. William Hanna na Joseph Barbera walitengeneza 114 kwa studio ya MGM kati ya 1940 na 1958. Gene Deitch akatengeneza 13 mjini Prague, zikatoka 1961 na 1962. Kisha Chuck Jones akatengeneza 34 kati ya 1963 na 1967. Tuzo 7 za Oscar ambazo paka na panya hawa wanazo ni za Hanna na Barbera peke yao, ya kwanza ikiwa ya The Yankee Doodle Mouse ya 1943.

Hata ndani ya hizo 114 kuna ngazi. Katika ile ya kwanza kabisa, Puss Gets the Boot ya Februari 1940, paka anaitwa Jasper, ana manyoya mengi, na mambo yanakwenda taratibu. Majina ya Tom na Jerry yalikuja 1941 katika The Midnight Snack. Kufikia 1943 mwili wa Tom umelainishwa, mistari imepunguzwa na kasi imepanda. Miaka 10 inayofuata ndiyo ya kutafuta kwanza. Kuanzia 1954 studio ikaanza kutumia skrini pana ya CinemaScope, na kadiri miaka ilivyokwenda mandhari yakawa mepesi na matukio yakapungua. MGM ilifunga idara yake ya katuni mwaka 1957, na zilizokuwa zimebaki zikatoka mwaka uliofuata.

Siri ya kipindi kile bora ni mgawanyo wa kazi. Barbera alibuni na kuchora vituko. Hanna alipanga muda wa kila tendo, fremu kwa fremu, yaani picha moja moja za filamu. Scott Bradley, mtunzi wa muziki, akaandika juu ya muda huo. Filamu inakwenda fremu 24 kwa sekunde. Hatua ya paka anayenyata ikipewa fremu 12, basi kuna noti kila nusu sekunde, na siku paka akijikwaa, noti nayo inajikwaa. Bradley hakuogopa muziki mgumu. Katika Puttin' on the Dog ya 1944 alitumia mfumo wa noti 12, muziki ambao watu wengi wangeukimbia wakiusikia redioni, lakini hapa mtoto anaumeza bila kujua kwa sababu macho yamemweleza tayari. Na ule ukelele wa Tom anapobanwa mkia? Ni sauti ya Hanna mwenyewe.

Tazama The Cat Concerto ya 1947 kwa karibu. Tom yuko jukwaani katika suti ya jioni, anapiga Rapsodia ya Pili ya Kihungari ya mtunzi Liszt. Jerry amelala ndani ya piano, juu ya nyundo. Nyundo zinamrusha, anaamka, na vita inaanza, lakini muziki haukatiki. Hapo ndipo penye ufundi. Tom hawezi kuacha kupiga kwa sababu ukumbi unamtazama, kwa hiyo kila pigo analompa Jerry lazima alipenyeze katikati ya noti. Jerry anaondoa vibonye na kuweka mtego wa panya mahali pake. Kidole cha Tom kinakwenda mtegoni, kwa sababu noti inayofuata ipo pale na hana njia ya kuikwepa. Baadaye Jerry anarukaruka juu ya nyundo na wimbo unageuka kuwa wa dansi, na uso wa Tom unaonyesha kwamba masikio yamemwambia kabla ya macho. Mwishoni panya ndiye anayepiga, paka amechakaa, na taa ya jukwaa inamwangukia Jerry. Hakuna neno lililosemwa, na kila mtu ukumbini ameelewa nani ameshinda na kwa nini inauma.

Izime sauti uitazame tena. Bado inaonekana, ila nusu ya vichekesho haipo, kwa sababu kichekesho kilikuwa ni mkono kulazimika kutii noti. Kwa hiyo usichague Tom na Jerry kwa ajili ya televisheni ya chumba cha kungojea wagonjwa, baa au kituo cha basi, mahali ambapo sauti imezimwa.

Za Deitch zina mashabiki wake, na haki yao. Zilitengenezwa kwa takriban dola 10,000 kila moja, na wachoraji wa Prague walikuwa wameona filamu chache sana za Tom na Jerry kabla ya kuanza. Mwendo ni wa kukatakata, sauti zina mwangwi kama zimerekodiwa ndani ya pipa, na bwana wa Tom ni mtu mwenye hasira ambaye vipigo vyake vinaonekana vya kuumiza kweli. Mtoto mdogo huzitazama kwa wasiwasi. Mtu mzima anayependa vitu vya ajabu atazifurahia. Kamwe zisiwe za kwanza.

Za Jones zimechorwa vizuri mno. Kila msimamo wa Tom unaweza kutundikwa ukutani. Tatizo ni kwamba Jones alikuja na tabia yake ya kungoja na kumwacha mhusika atutazame, wakati paka na panya hawa walijengwa juu ya miili inayogongana. Unafurahia uso, unakosa mbio.

Kuzitofautisha ni kazi ya sekunde 5. Ukiona simba wa MGM anapotea na Tom anatokea mahali pake akilia nyau, hiyo ni ya Jones. Tom atakuwa na nyusi nene na Jerry masikio makubwa zaidi. Ukisikia mwangwi wa pipa, ni ya Deitch. Ukikuta muziki wa okestra nzima unaofuata kila unyayo, umefika nyumbani.

Kuna jambo ambalo msomaji wa Kiafrika anastahili kuambiwa wazi. Filamu nyingi za kabla ya 1953 zina mtumishi wa nyumba, mwanamke mweusi anayeonekana zaidi miguu, aliyechorwa kwa mtazamo wa kibaguzi wa Marekani ya wakati ule. Aliyempa sauti ni Lillian Randolph, mwigizaji hodari. Zipo pia filamu ambamo baruti ikilipuka, uso wa mhusika unageuka kuwa kikaragosi cha mtu mweusi. Baadhi ya matoleo ya televisheni yamezikata sehemu hizo au kubadilisha sauti, mengine hayajagusa kitu. Usiweke mfululizo mzima mbele ya watoto na kwenda jikoni. Zitazame mwenyewe kwanza, dakika 7 kila moja. Kukatwakatwa kunaendelea hadi karne hii: mwaka 2006 huko Uingereza, baada ya malalamiko ya mtazamaji, picha za kuvuta sigara katika Texas Tom na Tennis Chumps zilipelekwa kuhaririwa. Ukiona muziki wa Bradley unaruka ghafla kama sahani iliyokwaruzwa, kuna kitu kimeondolewa hapo.

Na jambo la mwisho kuhusu paka huyu na panya wake. Silaha zao ni vyombo vya nyumbani: pasi, kikaango, kisu, soketi ya umeme, jiko. Mtoto wa miaka 4 ambaye kila anachokiona anakijaribu, hivyo vyote anavyo umbali wa hatua tatu. Kwa mtoto wa namna hiyo, subiri mwaka mmoja au miwili.

Road Runner

Hapa hakuna nyumba. Kuna jangwa, barabara, ndege anayekimbia, na koyote, mbwa mwitu wa Amerika, mwenye njaa. Ya kwanza ni Fast and Furry-ous, iliyotoka Septemba 1949 katika studio ya Warner Bros., mwongozaji Chuck Jones, mwandishi Michael Maltese. Ya pili haikuja hadi 1952.

Msomaji wa Kiswahili hahitaji kuelezwa sana koyote huyu ni nani. Ni Fisi. Ni yule yule ambaye njia mbili zilimshinda: hakuna anayempiga, tamaa yake ndiyo inayompasua. Ndege hamgusi. Hukimbia tu, hubaki barabarani, na silaha yake pekee ni ule mlio wake wa "bip bip", uliotolewa na Paul Julian, mchoraji wa mandhari ambaye hata hakuwa mwigizaji. Madhara yote yanatoka kwenye mitambo ambayo koyote ameiagiza mwenyewe kwa kampuni ya kubuni iitwayo Acme. Jerry ni Sungura, na Sungura unamshangilia. Huku Road Runner unajikuta unamwonea huruma mwindaji, na huo ndio utofauti mkubwa kuliko yote kati ya katuni hizi mbili. Watoto wadogo wanamtaka Sungura. Kumwelewa Fisi kunahitaji umri.

Muundo nao ni mwingine. Tom na Jerry ni kisa kimoja kinachokua. Road Runner ni mfuatano wa majaribio mafupi, kila moja likianza upya kana kwamba lililopita halikutokea. Katika ile ya kwanza koyote anachora njia ya handaki kwenye ukuta wa mwamba. Jaribio hilo lina vipande vitatu. Kwanza maandalizi: brashi, rangi, koyote anajipongeza. Pili kungoja: amejificha, vumbi linakuja kwa mbali. Tatu, ndege anapita ndani ya mchoro kana kwamba ni handaki la kweli. Koyote anastaajabu, anaamini, anarudi nyuma kuchukua kasi, anakimbia, anajibamiza mwambani. Ukivunja kipande cha pili, cha tatu hakichekeshi. Ndiyo maana zile klipu za sekunde 15 zinazosambazwa kwa simu haziachi kitu: zimebakiza pigo, zimetupa kungoja.

Kuanguka kwake kumepangwa kwa namna hiyohiyo. Ardhi imeisha, koyote bado yuko hewani. Anatazama chini. Anatutazama sisi. Ndipo anakwenda. Tunamwona kutoka juu akipungua hadi kuwa nukta, kimya kinaingia, na kutoka chini kabisa kinainuka kiwingu kidogo cha vumbi. Kicheko kinatoka kwenye kile kimya, kabla ya mshindo. Muda huo umehesabiwa kwa fremu, na fremu chache zikiongezwa au kupunguzwa kicheko kinapotea.

Kwa kuwa uzito uko kwenye macho na kungoja, Road Runner inastahimili kupunguzwa sauti vizuri kuliko Tom na Jerry. Ila ina mtego wake: inasomwa. Mwanzoni majina ya wanyama hutokea kwa Kilatini cha kubuni, masanduku ya Acme yana lebo za Kiingereza, na mara nyingine ndege au koyote hunyanyua bango lenye maandishi. Kwa watoto ambao bado hawajaanza kusoma Kiingereza, awepo mtu mzima wa kuwaambia kwa neno moja kilichoandikwa: roketi, sumaku, springi. Neno moja linatosha. Ukieleza zaidi umekula muda wa kungoja.

Angalia jina la mwongozaji kabla ya kuweka. Baada ya Jones kuondoka, Rudy Larriva aliongoza filamu 11 za Road Runner zilizotoka 1965 na 1966, na karibu zote zinatumia vipande vilevile vya muziki vilivyorekodiwa na kurudiwarudiwa bila kujali kinachotokea. Jangwa lipo, koyote yupo, kungoja hakupo. Angalia pia kwamba koyote akikutana na sungura wa katuni Bugs Bunny, kama katika Operation: Rabbit ya 1952, anazungumza Kiingereza tele. Hizo ni nzuri kwa njia yake, ila si za kundi hili.

Pink Panther

Alianza kama mapambo ya majina mwanzoni mwa filamu ya waigizaji ya 1963, akapendwa, akapewa katuni zake. Ya kwanza, The Pink Phink, ilitoka Desemba 1964 chini ya Friz Freleng na ikachukua Oscar. Zote pamoja zilifika 124 kufikia 1980.

Kisa cha The Pink Phink unaweza kumweleza mtoto kwa kidole. Mtu mfupi anapaka nyumba rangi ya samawati. Panther anataka iwe ya waridi. Mtu anapaka nguzo, anageuka, imekuwa ya waridi. Anatafuta mkosaji, hamwoni. Hakuna anayekimbia. Panther anatembea kwa miguu mirefu kama mtu anayechelewa makusudi, akifuata ule wimbo wa Henry Mancini ambao saksafoni yake ilipigwa na Plas Johnson. Mwishoni mtu anazika makopo yote ya rangi ya waridi, na ardhini zinaota nyasi na miti ya waridi. Rangi imesimulia kila kitu: ukiona samawati unajua ni zamu ya nani, ukiona waridi unajua nani amepita.

Kwa jicho la mtoto wa miaka 3 hili ni rahisi kuliko Tom na Jerry. Mandhari ni bapa, karibu tupu, mambo mawili hayatokei kwa wakati mmoja, na hakuna mayowe. Bajeti ilikuwa ndogo na michoro ni michache, lakini hapa uchache umekuwa mtindo. Kwenye simu ndogo inaonekana vizuri kuliko zote kwa sababu mistari ni minene.

Kasoro zake: kuanzia 1969 televisheni ya NBC ya Marekani iliziongezea kicheko cha watu cha kurekodi. Kicheko hicho kinaua, kwa sababu kinajaza ule ukimya wa kabla ya mtu mfupi kugeuka. Ukikuta nakala yenye watu wanaocheka, iache, utafute nyingine. Epuka pia Sink Pink na Pink Ice za 1965 kama unataka za kimya. Humo Panther anaongea. Na usizifuate zote 124. Za miaka ya 1960 zinatosha.

Felix

Huyu ndiye bubu wa kweli. Felix alitokea 1919 katika studio ya Pat Sullivan mjini New York, na mkono uliomchora na kumwongoza ni wa Otto Messmer, ambaye alisoma mwendo wa Charlie Chaplin kwa makini. Utaona: Felix akipata tatizo anatembea huku na huko mikono nyuma, kichwa chini, na wewe unaona anafikiri. Kisha mkia unageuka kuwa fimbo, ndoano, au alama ya kuuliza anayoipanda. Kitu hicho Tom hawezi. Tom ana mwili na mifupa ya kuvunjika. Felix ni wino, na wino unageuka chochote.

Kwa mchoraji chipukizi, Felix ni shule bora kuliko wote. Mwili mweusi tii, hakuna mistari ya ndani, kila wazo linasomeka kwa kivuli tu. Kwa familia iliyokaa kustarehe, ni mzigo: nyeusi na nyeupe, maandishi ya Kiingereza kwenye viputo, na muziki wowote unaousikia umewekwa baadaye na mtu mwingine. Kasi nayo ni tatizo. Filamu za enzi hiyo mara nyingi zilionyeshwa chini ya fremu 24 kwa sekunde, hivyo nakala iliyolazimishwa kwenda 24 inamfanya Felix ahangaike kama kuku aliyekatwa kichwa. Punguza kasi hadi 0.75 kwenye programu yako ya kuchezea video, zima muziki uliobandikwa, na umwache atembee.

Mambo yanayoharibu, hata ukichagua vizuri

Sabufa ya bluetooth ndiyo adui nambari moja. Sauti kwa bluetooth huchelewa, mara nyingi kati ya milisekunde 100 na 200. Kwa mazungumzo ya kawaida hutaona sana. Kwa katuni hizi, milisekunde 200 ni karibu fremu 5: kikaango kimeshatua, uso umeshabonyea, ndipo mshindo unafika. Watu watasema katuni "imepoa" bila kujua kwa nini. Tumia waya. Kama waya hakuna na unatumia kompyuta yenye VLC, programu ya kuchezea video, bonyeza J. Kila ukibonyeza, sauti inawahi kwa milisekunde 50. Tafuta mahali mlango unapobamizwa, rudia hapo hadi mshindo na picha vikutane.

Televisheni mpya nyingi zina mpangilio wa kulainisha mwendo, unaobuni fremu za katikati. Uzime. Michoro mingi ya katuni hizi imekaa fremu 2 kila mmoja kwa makusudi, na televisheni ikibuni ya katikati inapaka masizi kati ya misimamo miwili iliyokuwa wazi.

Zima pia kuvuta picha ijaze skrini. Karibu zote hizi zilichorwa kwa skrini inayokaribia mraba, uwiano wa 4:3. Ukiivuta hadi 16:9 Jerry ananenepa. Ukiikata juu na chini unapoteza miguu, na katika vichekesho vya kuanguka miguu ndiyo habari yenyewe. Weusi wa pembeni uache ulivyo. Zile za CinemaScope ni kinyume chake: zinatakiwa ziwe na weusi juu na chini, na zikijaza skrini ujue pembeni pamekatwa.

Nakala zilizotengenezwa kwa mfumo wa televisheni wa PAL, uliotumika miaka mingi Afrika Mashariki, huenda fremu 25 badala ya 24. Filamu ya dakika 7 inaisha kwa dakika 6 na sekunde 43, na muziki unapanda kidogo, karibu nusu toni. Haiui, ila mwenye sikio la muziki atasikia kwamba piano ya Tom haiko ilipokuwa.

Kwenye intaneti kuna nakala ambazo waliozipandisha wamezigeuza kama kwenye kioo au kubadilisha sauti ili zisitambuliwe na mwenye haki. Angalia kibao cha jina mwanzoni: herufi zikisomeka kinyumenyume, achana nayo. Sauti ikiwa nyembamba kama ya mbu, vivyo hivyo.

Kosa la mwisho ni wingi. Filamu hizi zilitengenezwa kuonyeshwa moja moja, kabla ya filamu kubwa. Aliyekuwa Chicago mwaka 1952 aliona Road Runner moja na hakuona nyingine kwa muda mrefu. Mkusanyiko wa saa nzima unamchosha yeyote, na Road Runner ndiyo inayoathirika zaidi kwa sababu muundo wake unajirudia kwa makusudi. Road Runner 2 mfululizo zinatosha. Tom na Jerry unaweza kufika 4 kama visa vinatofautiana mahali: kimoja jikoni, kimoja ufukweni, kimoja jukwaani.

Mpango wa karibu nusu saa kwa ukumbi wa watu mchanganyiko, shule au ua wa nyumbani wenye projekta: anza na Mouse Trouble ya 1944, ambamo Tom anafuata kitabu cha kukamata panya ukurasa kwa ukurasa, inawafundisha watazamaji wapya jinsi ya kutazama, kwa sababu kila ukurasa ni kituko kimoja kilichofungwa. Ya pili, Fast and Furry-ous, wakati macho yameshaamka na subira bado ipo. Ya tatu, The Pink Phink, ili watu wapumue. Ya mwisho, The Cat Concerto. Acha giza la sekunde 10 kati ya moja na nyingine, usiruke majina ya mwanzo, na kabla ya ile ya mwisho ongeza sauti kidogo, kwa sababu noti za kwanza za Liszt ni za chini na watoto watakuwa bado wanapiga kelele kuhusu rangi ya waridi.